Mtoto Aliyetangulia Harusi ya Mamaye

Wamepokezana wasimulizi, na Mungu ndiye mjuzi wa yaliyofichika, kwamba mji wa Sandarusi ulitawaliwa na Sultani Ghalibu bin Nadhiri, mtu mkarimu na mwenye haiba, ila alikuwa na ila moja: hakustahimili kushindwa. Aliupenda mchezo wa dadu kuliko chakula, na siku aliyoshindwa hakula, na mji wote ukatembea kwa kunyata. Basi akamwita Sarkashi, jini aliyefungwa kulitumikia taji lake, akamwambia, "Nataka nisishindwe kamwe."

Sarkashi akainama, akasema, "Ee bwana wangu, bahati na sababu zimeshonwa kwa uzi mmoja. Nikiufumua kwa ajili yako, mji mzima utafumuka, wala hautashoneka mpaka ukiri kwa ulimi wako kwamba umeshindwa."

"Basi hautashoneka," akasema Sultani, akacheka.

Tangu hapo dadu zikamtii, na mji ukaharibika. Moshi ulitangulia moto. Watu waliamka na makovu, kisha wakangoja majeraha. Chungu kilivunjika asubuhi, na paka akakiangusha alasiri. Mvua ikachagua paa moja, ikanyesha hapo tu. Wenyeji walilalamika kidogo, kisha wakazoea.

Mjini humo alikuwapo mfumaji wa mazulia, jina lake Raihani binti Idarusi, hajaolewa wala hajaposwa. Asubuhi moja, akiwa kazini, alihisi mkono mdogo ukimvuta nguo. Alikuwa msichana aliyeanza kutembea juzijuzi, mwenye pua ya Raihani na kidevu cha Raihani, naye akasema, "Mama, njaa."

Raihani akageuka nyuma kumtazama anayeitwa. Hapakuwa na mtu. Akampa mkate, maana mtoto mwenye njaa haulizwi nasaba. Na alipomaliza kula akamlalia mapajani, naye Raihani akaona kwamba hawezi tena kumpa mtu mwingine.

Majirani wakamshtaki. Kadhi Ubaidi akamwuliza, "Binti, mtoto ana sura yako na anakuita mama. Mumeo ni nani?"

"Sina mume, Shekhe, wala sijamjua mwanamume. Ametangulia tu, kama moshi."

"Moshi haushtakiwi," akasema kadhi kwa huzuni, akamhukumu kutolewa mjini na kuachwa jangwani bila maji. Na kwa kuwa hukumu ilihitaji muhuri wa Sultani, wakapelekwa barazani, mama na mtoto.

Walimkuta Sultani mchezoni. Kando yake alisimama Faruki akiwa ameshika sinia ya dadu. Zamani alikuwa tajiri wa misafara, akacheza na Sultani, akapoteza mali yake, kisha nyumba, mwisho akajiweka yeye mwenyewe, akawa mtumwa. Mtoto alipomwona alimkimbilia, akanyoosha mikono. "Baba, nibebe."

Baraza likanguruma. Faruki akaweka sinia chini.

"Mimi sikujui, binti," Faruki akamwambia Raihani kwa sauti ya chini.

"Nami sikujui," akajibu. "Lakini mbebe."

Akambeba. Sultani akasema, "Basi mshirika wake amejidhihirisha. Waende jangwani wote wawili."

Hapo Raihani akapiga magoti. "Maulana, kabla ya muhuri, cheza nami mara moja. Ukishindwa, unijalie ombi langu. Ukishinda, chukua nilicho nacho. Nami sina kitu duniani ila hii hukumu. Naiweka."

Sultani alisikia neno "ukishinda", mengine hakuyasikia. Akarusha dadu, zikalala zote upande wa sita. Raihani akarusha, zikalala zote upande wa moja. Baraza likapiga makofi.

"Hongera, Maulana," akasema Raihani. "Umeshinda jangwa."

Makofi yakakatika. Sultani akamgeukia kadhi, naye kadhi akashika ndevu zake, akasema, "Kilichowekwa ni cha mshindi. Kwa sheria hiyo hiyo Maulana alimtwaa Faruki."

Sultani akatazama nje, mchanga ukimeremeta juani, akakumbuka kwamba aliyehukumiwa haachiwi maji. Kisha akasema, kwa shida ya mtu anayeng'olewa jino, "Nimeshindwa."

"Basi ombi langu," akasema Raihani, "ni kwamba vyote ulivyovipata kwa dadu viachiwe: watu wawe huru, mali irudi kwa wenyewe, na hukumu ifutike."

Ikawa hivyo. Naye Sarkashi akasimama katikati ya baraza, akaanza kuushona mji. Mtoto aliyekuwa mikononi mwa Faruki akaanza kuwa mwepesi.

"Mwache huyo!" Raihani akapiga kelele.

"Siwezi, binti. Alikuja kabla ya sababu yake, na sasa hakuna tena kitu kinachotangulia sababu yake."

"Nikiolewa na mtu huyu, atarudi?"

"Huenda," akasema jini. "Jana ningeweza kukuapia. Leo bahati imerudi kwa Mola wake."

Mtoto akapiga mwayo, akatoweka, na mikono ya Faruki ikabaki imekunjwa vile vile.

Muda ukapita, Faruki akaja kuposa. "Sikuposi kwa ajili yake tu," akasema.

"Nami sikubali kwa ajili yake tu," akajibu Raihani. Na hayo aliyasema kwa haya, maana alishaanza kumpenda. Wakaoana, misafara ikachukua mazulia yake hadi nchi za mbali, wakatajirika. Sultani naye akajifunza kushindwa na bado akala.

Mungu akawaruzuku wavulana, na baada ya miaka, binti. Mkunga akamweka kifuani pa mama. Pua ilikuwa ya Faruki, kidevu cha bibi mzaa baba, hakuwa yule aliyetoweka. Raihani alimtazama kitambo, akalia kidogo, kisha akasema, "Karibu, mwanangu. Wewe ndiye uliyekuja."

Na wenye busara husema: asiyetaka kushindwa hunyimwa hata heri asiyoitarajia, na riziki hupokelewa kwa sura ijayo nayo. Ulimi wetu umekomea hapa. Yaliyobaki ni ya Mungu.