Hodi ya Tatu

Haya wajukuu zangu, nitegeeni sikio. Atakayesinzia, zimwi atammalizia hadithi.

Palikuwa na zimwi mwenye chuo cha uchawi, akiwafundisha wanafunzi kuingia vichwani mwa watu na kuzoa ukweli. Wakamkamata Namvua, mwanamke aliyewaficha watoto wa kijiji wasiliwe.

“Wako wapi?” zimwi akamuuliza.

Namvua akamgeuzia kisogo.

Zimwi akawaambia wanafunzi, “Tazameni. Kichwa ni nyumba. Unabisha hodi, mwenyewe akisema karibu, yote yaliyomo ni yako. Hodi tatu zikikosa karibu, unageuka na kuondoka, wala hurudi tena.”

Akabisha kwa sauti ya radi, “Hodi!” Namvua akaziba masikio, asiitike.

Akabisha kwa sauti ya mumewe aliyepotea, “Hodi, mke wangu.” Machozi yakamtoka, asiitike.

Akabisha kwa sauti ya marehemu mama yake, “Hodi, mwanangu, nanyeshewa huku.”

Namvua akaangua kicheko. “Mama yangu, abishe hodi kwangu? Yule alikuwa akiingia tu, na vyungu akivifunua! Geuka, zimwi. Hapa hukaribishwi!”

Hodi zilikwisha. Zimwi akageuka, wanafunzi wake wakimcheka.

Na watoto walifichwa wapi? Mimi najua. Siwaambii.