Kicheko cha Namkunda

Hapo zamani, huko milimani Upare, aliishi mwanamke mfinyanzi aitwaye Nakiete. Udongo wake aliuhifadhi nyuma ya nyumba, penye kivuli na unyevu, kando ya gogo lililooza. Bintiye Namkunda alishinda juu ya gogo hilo akifinyanga wanyama, akicheka, akimsimulia mama yake mambo yasiyo na kichwa wala miguu.

Masika yakaja na homa. Namkunda akaugua, akafa. Baba yake, Kiondo, alikuwa tambarare akichunga ng'ombe. Aliporudi, kaburi lilikuwa limeshaota nyasi.

Asubuhi moja Nakiete alikwenda kuchukua udongo. Akaegemea gogo kwa kiganja. Akasikia: "Mama, tazama! Huyu nimemtia masikio!" Kisha kicheko. Kicheko cha Namkunda.

Alipotazama chini ya kiganja chake, akaona uyoga wa kijivu, mnene kama sikio la ndama.

Akamwita wifi yake Nanzia, dada wa Kiondo, aliyeokota uyoga msituni maisha yake yote. Nanzia akauinamia, akautazama kwa muda mrefu.

"Huu ni kisikizi, wifi," akasema. "Hushika sauti za wanaokaa karibu nao. Ukiupa joto la kiganja, hukurudishia."

Akafungua kinywa kama mwenye neno jingine, akamwona Nakiete anavyotabasamu huku machozi yanamtiririka. Akanyamaza.

Tangu hapo Nakiete akawa haamki bila kwenda nyuma ya nyumba. Huweka kiganja, humsikia mwanawe, hulia mpaka kifua kiwe chepesi, kisha huinuka akala, akashika udongo wake. Watu wakasema, afadhali, sasa amepata nafuu.

Kiondo akamwomba. "Mama Namkunda, nami nimsikie mwanangu."

"Alipokuwa hai ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa natafuta riziki yenu."

"Basi kasikilize riziki."

Kiondo akageuka, akaenda zake. Hakuomba tena. Nakiete alimwona mabega yalivyomshuka, na moyo ukamsuta, lakini hakumwita.

Mvua zikapita, kipupwe kikaingia. Siku moja Nakiete akaweka kiganja kama kawaida yake. Hakumsikia Namkunda. Alisikia mwanamke akilia, akalia, akalia. Akaitambua sauti: ni yake mwenyewe. Kisha akasikia mwanamume, taratibu: "Nisamehe, mwanangu. Nilikwambia nitarudi kabla ya mvua. Nisamehe."

Nakiete akapapasa uyoga wote, huku na huku. Pembeni kabisa, penye ukingo mwembamba, kikatoka kicheko kifupi. Ndicho pekee kilichobaki.

Akapiga ukelele. Kiondo na Nanzia wakaja mbio.

"Umefanya nini, Baba Namkunda? Umekuja hapa kwa siri, umemfuta mwanangu!"

"Nilikuja ulipokwenda gulioni," Kiondo akajibu. "Ningefanyaje? Mlango ulinifungia wewe. Hata kumzika sikumzika. Nilimwomba radhi mwanangu, basi. Na hicho kilio nilichokisikia humu ndani ni cha nani? Si chako? Neno langu ni la siku moja, kilio chako ni cha kila siku!"

"Mimi ni mama! Mama asipolia afanye nini? Nani aliniambia kwamba uyoga huu unameza na kilio?"

Hapo wote wawili wakamgeukia Nanzia.

"Ulijua, wifi?"

Nanzia akainamisha kichwa. "Nilijua. Kila sauti mpya hufunika ya zamani. Nilitaka kukwambia siku ile ile. Lakini mama yetu, alipofiwa na mdogo wetu, aliyazuia machozi. Kaka, unakumbuka. Hakulia, hakula, tukamzika kabla ya mavuno. Nikasema moyoni, nikimwambia Nakiete, atajiziba mdomo asiiharibu sauti ya mtoto, naye atatufia. Nilichagua wewe uishi, wifi yangu."

"Nani alikutuma unichagulie?"

"Na mimi je?" Kiondo akafoka. "Mimi ungeniambia, nisingefungua mdomo!"

"Ungemwambia mkeo!"

"Mke gani, aliyeninyima mwanangu?"

Sauti zikapanda. Huyu anasema, yule anadakia, kila mmoja na uchungu wake. Ghafla Nanzia akashika kichwa.

"Nyamazeni! Jamani, nyamazeni! Uyoga unasikia!"

Wakanyamaza. Nakiete akapiga magoti, akaweka kiganja penye ule ukingo, polepole, kama anayemgusa mtoto aliyelala. Wakasikia: *Umemfuta mwanangu. Mlango ulinifungia wewe. Nani alikutuma. Nyamazeni, jamani, nyamazeni.*

Kicheko hakikuwamo.

Kiondo alirudi tambarare kabla ya jioni. Nanzia hakukanyaga tena msituni. Nakiete alikaa pale juu ya gogo, mikono mapajani, mdomo ameufumba. Na siku hiyo hakulia.

Sasa nyinyi mliokaa hapa mkanisikiliza, niambieni, maana mimi nimeshindwa kuamua. Kuna mama aliyelia na kumfungia mwenzake mlango. Kuna baba aliyenyimwa, akaja kwa siri. Kuna shangazi aliyejua, akanyamaza ili mtu asife. Je, ni nani aliyestahili lawama ya kumpoteza Namkunda mara ya pili?