Mikono Nyuma

Jumatatu, saa moja na nusu asubuhi, mwalimu mmoja wa sayansi alifika shuleni na barua kwenye mkoba. Ilikuwa ya mistari minne. Aliomba aondolewe darasani, apewe kazi ya kutunza stoo. Alikuwa amefundisha miaka thelathini na mmoja.

Mnajua sababu? Shule ilikuwa imeletewa kompyuta na projekta, ile mashine ya kumulika picha ukutani, na kila mwalimu alitakiwa kufundishia vifaa hivyo kuanzia wiki ile. Mama huyu hakuwa ameweza hata kuviwasha.

Msidhani hakusaidiwa. Alisaidiwa mno. Palikuwa na mwalimu kijana wa hesabu, fundi wa mambo hayo, mwenye roho nzuri. Kila alipomwona mama amesimama mbele ya kompyuta, alikuja mbio.

"Shikamoo, mwalimu. Lete nikusaidie."

Anaivuta kompyuta upande wake. Vidole vinakimbia. "Unabonyeza hapa, unaingia hapa, unarudi hapa. Umeona?"

"Nimeona, mwanangu."

Alikuwa ameona nini? Mgongo wa kijana. Mara nane alisaidiwa hivyo, na mara nane akajibu kwamba ameona. Nani kati yetu hajawahi kusema "nimeona" ili tu aibu impite?

Jumatatu hiyo kijana alimkuta tena, akanyoosha mkono kama kawaida yake. Safari hii mama aliweka daftari lake juu ya kompyuta.

"Darasa la kwanza nani alikufundisha kuandika?"

"Si ni wewe, mwalimu?"

"Penseli ulikuwa unaishikaje?"

Kijana akacheka. "Kama mwiko wa ugali."

"Na kifutio unakitafuna. Je, nilikuandikia mimi?"

"Hapana. Ulikaa pembeni yangu mpaka kengele."

"Herufi a ilikuchukua siku ngapi?"

"Mwalimu, hayo ya zamani tuyaache."

"Wiki mbili. Haya, mikono nyuma."

Sisi tuliosoma shule hizi tunaijua amri ile. Mwalimu wa hesabu, mtu mwenye mke na ndevu, akakaa kwenye kiti na kuweka mikono nyuma. Mama akaanza. Akabonyeza pasipotakiwa, kioo kikawa cheusi. Mkono mmoja wa kijana ukachomoka.

"Nyuma."

Ukarudi. Dakika arobaini zikapita hivyo, mama akibonyeza na kuuliza, kijana akijibu kwa mdomo tu, jasho likimtoka kuliko la mama.

Ndugu zangu, kama mpaka hapa ulikuwa unamhurumia mama yule, hebu umtazame na kijana. Huyo ndiye mimi, na ndiye wewe. Baba anahangaika na simu, tunamnyang'anya tumwandikie ujumbe kwa sababu anatuchelewesha. Tunamaliza upesi, tunaondoka tukihesabu kwamba tumetenda wema, naye anabaki palepale tulipomkuta, isipokuwa sasa anaona haya kuuliza tena. Walimu wetu hawakutufanyia hivyo. Walikaa nasi tukiwa hatujui hata daftari linafunguliwa upande gani. Leo wamepewa vifaa wasivyovizoea, na zamu ya kukaa ni yetu.

Wiki hii yupo atakayekujia na kitu asichokijua. Utaweza kukaa naye akikosea mbele ya macho yako, nawe mikono iko nyuma?

Alhamisi ya wiki ile, saa tatu asubuhi, watoto wa darasa la tano waliona moyo wa mtu ukidunda ukutani. Mama aliwasha mwenyewe. Projekta ilikuwa imelalia upande mmoja, akaisawazisha kwa karatasi iliyokunjwa mara nne. Ilikuwa ile barua.