Bi Fisimaji na Kamba ya Waogeleao Chali

Masikio mnayo?

— Tunayo.

Makavu au mabichi?

— Makavu.

Basi yasogezeni kwenye maji.

— Yalowe!

Hapo kale wanyama wa maziwa yote na mito yote walikuwa wakikutana kila kiangazi kushindana kuogelea. Walitoka nchi za juu, walitoka nchi za chini, walitoka ng'ambo ya milima. Wa kike walishindana na wa kike, wa kiume na wa kiume, na mshindi alipewa mahali pa kuvulia samaki mpaka mvua zirudi.

Mwaka huo Bi Mamba alikuwa ameshinda kila kitu. Alishinda mbio ndefu, akapewa mlango wa mto. Alishinda kupiga mbizi, akapewa magugu yote ya kusini. Akala, akashiba, akalala. Alipoamka akauliza kimebaki nini. Akaambiwa zimebaki mbio fupi za kuogelea chali, na zawadi yake ni kidimbwi cha perege.

"Na hicho nakitaka," akasema.

Kidimbwi hicho ndicho alichokuwa akikitegemea Bi Fisimaji. Fisimaji ni mnyama mdogo mwenye manyoya laini, na chakula chake ni samaki. Alikuwa na watoto ambao mbavu zao sasa zilihesabika. Kuogelea chali alikujua tangu utotoni, maana mama yake alimlea kifuani huku akielea. Lakini mkia wa Bi Mamba pia aliujua. Mkia ule ukipiga mara moja tu, pwaa, maji yenyewe yanampisha.

Sasa, anayeogelea chali anatazama mbingu. Haoni aendako. Kwa hiyo mwamuzi, Mzee Korongo, alifunga kamba ya majani juu ya maji, hatua chache kabla ya jiwe la kumalizia. Ukiiona kamba juu yako, unapiga mikono mitano, unaligusa jiwe. Ukipiga wa sita, jiwe linakugusa wewe.

Asubuhi ya mashindano Bi Fisimaji alikuwa ndani ya matete akichana manyoya yake. Akasikia sauti ya Bi Mamba upande wa pili.

"Korongo, sogeza kamba iwe juu ya jiwe lenyewe. Yule mdogo akiiona atahesabu mitano yake, apasuke kichwa. Mimi nikiiona nitanyoosha mkono tu."

"Lakini Bibi, sheria..."

"Korongo, miguu yako ni myembamba sana. Sijui hata inavunjikaje."

"Nimesikia, Bibi."

Bi Mamba akapanda mchangani, akaachama, akalala juani kusubiri wakati. Korongo akaisogeza kamba mpaka juu ya jiwe.

Bi Fisimaji akaacha kuchana manyoya. Ashtaki? Ashtaki kwa nani, na mwamuzi ndiye huyo? Airudishe kamba mwenyewe? Ataonekana. Akakaa akawaza mpaka manyoya yakamkauka mwilini. Kisha akamwendea Korongo, akapiga goti.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba."

"Nimekuja kukushukuru."

Korongo akashtuka. "Kunishukuru kwa lipi?"

"Kwa kamba. Kwetu huwa tunaifunga juu ya jiwe hivyo hivyo. Ilipokuwa kule mbali nilijua nimekwisha, ningesimama njiani kama mjinga. Sasa wanangu watakula. Mungu akuzidishie umri, Mzee wangu."

Akaondoka taratibu, akijiimbia.

Korongo akaganda kwa mguu mmoja. Akawaza: huyu akishinda, mimi naliwa. Kamba irudi ilikokuwa. Lakini je, Bi Mamba aambiwe? Akamtazama pale mchangani, kinywa wazi, meno yakimetameta. Nani anamwamsha mamba? Korongo hakumwamsha. Akairudisha kamba, akanyamaza.

Jua lilipopanda, wageni wakajaa ukingoni. Waogeleaji wakaingia majini: Bi Mamba, Bi Fisimaji, na Bi Bata wa ng'ambo ya milima. Wakageuka chali. Korongo akapiga mdomo wake, ka!

Bi Fisimaji, mkono, chubwi. Mkono, chubwi.

Bi Mamba, mkia, pwaa. Mkia, pwaa.

Bi Bata alibebwa na wimbi la kwanza, akaishia kwenye matete.

Bi Fisimaji maji yalimwingia puani. Aliona mbingu tu, na ile pwaa akaisikia ikitangulia, ikitangulia. Akaogopa. Itakuwaje kama Korongo alimwamsha? Hakuwa na la kufanya. Mkono, chubwi. Mkono, chubwi.

Bi Mamba akaiona kamba. Akasimama. Akanyoosha mkono nyuma, akashika maji. Akanyoosha tena, akashika maji.

"Jiwe liko wapi?" akaiuliza mbingu.

Ubavuni mwake ikapita chubwi, chubwi, chubwi, chubwi, chubwi. Kisha, ko. Bi Fisimaji ameligusa jiwe.

Bi Mamba akageuka kifudifudi. "Kamba haiko mahali pake," akasema.

Kiboko, mgeni wa nchi za juu, akauliza kwa upole, "Mahali pake ni wapi, mama?"

Bi Mamba akamtazama Korongo. Korongo akatazama mawingu.

Wageni wakaipima kamba, wakaikuta palepale sheria iliposema. Wakamsifu Korongo kwa uadilifu wake, wakamvika shada la maua ya yungiyungi, wakamfanya mwamuzi wa maisha. Watoto wa Bi Fisimaji walikula perege mpaka wakacheua. Bi Mamba bado ana mlango wa mto, na magugu yote ya kusini anayo, na kila apitaye humwambia kwamba ameonewa. Wengi humwamini.

Ngano yangu imepanda nchi kavu. Ikiwa tamu, tugawane. Ikiwa chungu, mpelekeeni Bi Mamba.

— Na funzo lake?

Funzo lake, wanangu, semeni kweli daima. Na mwamuzi akiwadhulumu, msibishane naye. Nendeni mkamshukuru.