Mkalimani wa Sharubu

Hapo zamani za kale, siku ambazo kiboko alikuwa na nyumba yenye mlango na kufuli, wanyama wote walisema lugha moja. Wote, ila paka. Yeye alishikilia ya kwake, miau miau, wala hakujali nani anamwelewa.

Panya Mishi aliishi stoo kwa Mzee Kiboko, nyuma ya gunia la mchele, na watoto watano ambao hata macho hawajafumbua. Mzee naye alifuga paka, jina lake Sharubu, na alimdekeza kupita kiasi. Asubuhi moja Sharubu akaligundua tundu la Mishi. Akajikunyata mbele yake, mkia unacheza, meno yanagongana: ke-ke-ke-ke-ke!

Mishi akaingiwa na hofu. Sauti ile aliijua: ni ya paka anayeona nyama ambayo hajaifikia. Yeye Mishi akitoka kutafuta chakula, wanawe wataliwa!

Mara, du! du! du! Mzee Kiboko huyo.

"Jamani, Sharubu wangu! Mbona meno yanagongana hivyo?"

Mishi akajipa moyo, akaita kutoka tunduni. "Shikamoo, Mzee! Huyo anasikia baridi."

"Marahaba. Kumbe unajua lugha ya paka?"

"Mzee wangu! Kwenye ukoo wetu, asiyeijua hazeeki."

Mzee akaona hilo lina akili. "Sasa nimfanyeje?"

"Mvike soksi, miguu yote minne. Baridi humwingilia kwenye kucha."

Mzee akakimbia kuleta soksi za sufu za kitindamimba wake. Maskini Sharubu, zilimfika makwapani! Mzee akazifunga kwa kamba.

"Nyaaau! Ffff! Rrrau!"

"Anasemaje?"

"Anasema zimelegea. Kaza kidogo."

"Ana adabu huyu!" Mzee akakaza.

Hapo Mishi akatoka na mtoto wa kwanza mdomoni. Sharubu akaruka, lakini sakafu ilikuwa ya saruji laini na soksi hazina kucha. Sereeeee! Pu! Ukutani. Mtoto wa pili, sereeeee! Pu! Wa tatu, wa nne, vivyo hivyo. Mzee alicheka mpaka machozi, akidhani wanacheza.

Mwisho Sharubu alichoka, akapanda mapajani kwa Mzee, aliyekuwa ameketi karibu na jiko. Joto likamkolea, na soksi, tuseme ukweli, zilikuwa laini. Khorrr, khorrr, khorrr.

"Mishi! Njoo! Ananguruma tumboni! Anakufa?"

Mishi alikuwa mlangoni na mtoto wa tano. Akamtua chini. "Hana neno, Mzee. Amefurahi." Katika tafsiri zake zote, hiyo peke yake ilikuwa ya kweli. Akambeba mwanawe, akatokomea shambani.

Basi, wanangu, mkitaka kujua paka wenu anasema nini, msimuulize panya.