Uso wa Mjukuu kwenye Kompyuta ya Baba

Nisikilizeni, maana hukumu mtaitoa ninyi.

Bibi Nakijwa wa Usangi alikuwa na mabinti watatu. Eliwaza alikuwa hatupi kitu. Namsifu alikuwa fundi wa mitambo. Mkunde, kitinda mimba, alikuwa na moyo wa kukumbuka.

Kaka yao Elifuraha alipata binti huko Norwei. Siku saba zikapita mtoto hana jina, kwa sababu katika ukoo wao bibi ndiye mtoa jina, na hatoi kabla hajauona uso. Macho ya Bibi Nakijwa yalikuwa yamefifia. Elifuraha alipopiga simu ya video, kwenye kioo kile kidogo aliona doa tu.

"Doa hili ndilo nilipe jina?" akasema kwa uchungu. "Atakayenionyesha uso wa mjukuu wangu, mtoto ataitwa jina lake."

Eliwaza akavuta uvunguni kompyuta ya mezani ya marehemu baba yao, kioo na mashine kitu kimoja, pana kama sinia. Miaka yote waliomwambia aiuze kama chuma chakavu aliwafukuza. Lakini ilikuwa imezeeka mno, intaneti haishiki.

Namsifu akapanda gari kutoka Moshi na laptopu yake na waya. "Kupiga simu haiwezi, na kioo cha laptopu ni kidogo kwa macho ya Mama," akasema, "ila aina hii hukubali kuwa kioo cha kompyuta nyingine." Akampigia Elifuraha kwa laptopu, akaziunganisha mbili kwa waya. Kwenye kioo kikubwa, giza tupu. "Inataka kuamriwa kwa kibodi yake yenyewe." Na kibodi, wote walijua, ilitupwa walipofagia nyumba baada ya msiba.

Mkunde akaingia chumbani, akarudi na furushi la kanga. Ndani mlikuwa na kibodi, herufi zimefutika kwa vidole vya baba. "Niliiokota jalalani," akasema kwa haya. "Huwa naishika tu."

Namsifu akaichomeka, akabonyeza vitufe viwili, na uso wa kichanga ukajaa kioo kizima. Bibi Nakijwa akasogea hadi pua ikakaribia kugusa.

"Jamani, masikio ya baba yenu haya!" Akalia bila kujizuia. Mtoto akapiga chafya. "Kua, mama yangu, kua!"

"Mama," Elifuraha akauliza, "tumwite nani?"

Bibi akageuka. Mabinti watatu walikuwa wamemkazia macho. Kila mmoja alitaka mtoto aitwe jina lake, na yeye aliwapenda wote sawasawa.

"Mama? Unanisikia?"

Elifuraha bado anasubiri. Eliwaza, Namsifu, au Mkunde? Je, wewe ungeamua vipi?