Nusu Kichwa

Shaweji, mwenye malori kumi, alikwenda mahakamani kupinga amri ya muda iliyosema binti yao Nasra akae kwa mama yake, Siwatu msusi, na wikiendi tu aende kwa baba.

Jumatatu ya kesi, dereva wa Shaweji alimleta Nasra akiwa kasukwa upande mmoja, upande wa pili timutimu.

"Mheshimiwa, tazama malezi hayo," Shaweji alisema.

Siwatu aliuliza kwa unyonge, "Nywele hizo umeziona lini, baba Nasra?"

"Sasa hivi. Nimeona aibu mimi."

"Mtoto katoka wapi?" hakimu aliuliza.

"Kwa baba yake, mheshimiwa. Yuko huko tangu Ijumaa," Siwatu alijibu. "Nilimsuka nusu makusudi, nijue kama huko kuna macho."

Amri ilibaki palepale. Siwatu akatoa kitana, akamalizia upande wa pili nje kwenye benchi.